Nusu ya Kikwembe

Bunia, tarehe 12 Machi

Mpendwa yaya Sylvestre, kaka yangu mkubwa,

Pokea salamu za nyumbani. Huko Lubumbashi mko salama? Kile kikohozi chako kimepoa? Sisi tunapumua, Mungu ashukuriwe. Mama bado hainuki kitandani, lakini anakula, na ulimi wake haujaugua hata kidogo.

Nimesikiliza sauti uliyonitumia kwenye simu. Unaniamuru nikaombe msamaha kwa akina mama wa chama chetu cha mtaa. Nakujibu kwa barua maana kwa simu ungenikatiza.

Kosa langu ni hili. Katika chama tuna mwenzetu Carine, Mumbuti, wa wale watu wa msituni, aliyekimbia vita upande wa Mambasa. Anatoa mchango kama sisi, na baada ya mkutano anafagia kuliko sisi. Lakini chai anapewa katika kikombe chake peke yake, na kiti chake kinawekwa mlangoni, eti ndiyo desturi. Tangu mwaka jana nami nakaa naye pale mlangoni, nakunywa katika kikombe kile kile. Wakaniita avoka wa Bambuti, mtetezi asiye na diploma. Jina hilo nalipenda sana.

Kwa sikukuu ya wanawake tulichagua kikwembe cha sare, cha buluu chenye maua. Carine alipokuja kuchukua chake, prezidenti wetu, Mama Chantal, akamnyima, akamwambia bila haya: «Weye utatembea nyuma na nguo yako. Batu batatucheka.»

Yaya, damu ilinichemka! Nilikata kikwembe changu katikati, fundi akatushonea sketi mbili, na siku ile tukatembea mstari wa mbele tumeshikana mikono. Sketi ilinibana nikawa natembea kama bata, lakini nilitembea.

Ndipo Mama Chantal akatangaza kwamba nisipopiga magoti mbele ya chama, siku mama atakapofumba macho hakuna mwanachama atakayeleta mkeka wala sufuria kwenye matanga yetu. Unajua maana yake hapa kwetu. Wewe uko mbali, mimi niko peke yangu, na kumzika mzazi bila majirani ni aibu isiyofutika. Niliogopa, sikufichi. Nililia jikoni.

Mama akanisikia, akaniita. Nikamweleza yote, hata maneno yako. Akasema: «Pétronille, ukipiga magoti kwa ajili yangu, usinililie siku nitakufa. Sitaki banizike batu benye banafukuzaka bengine ku meza.»

Basi hilo ndilo jibu langu kwa Mama Chantal, na ndilo jibu langu kwako. Magoti yangu ni ya kanisani tu. Jumapili nitarudi kwenye mkutano na kukaa mlangoni kama kawaida. Wakitaka waninyime chai. Carine na ndugu zake wamekwisha kuniambia kwamba siku ya msiba watapika na kukesha nasi.

Nisalimie mke wako Bernadette, na mtoto wenu Héritier umbusu kwa niaba ya bibi yake. Mungu awafunike kwa mkono wake, awape riziki na amani.

Nikikupigia simu ya msiba, njoo. Mahali pako patakuwa mkekani, kando ya Carine. Ukiona huwezi kukaa hapo, baki huko huko. Mama tutamzika sisi.

Mimi dada yako akupendaye,
Pétronille