Shimo Lako la Zumaridi Nimelifukia

Baba Anjela, uliyelala makaburini Msanzi,

Nakuandikia kwa mkono wangu, kwa darasa la tatu lile lile ulilokuwa unalicheka. Mdogo wako amekuja anataka kufukua upya shimo lako la zumaridi, awashushe wanawe wawili. Jibu nimeshampa. Ila wewe ndiye uliyelianzisha, basi usikie.

Unaikumbuka hadithi niliyokuwa nawasimulia watoto jikoni, ya binti aliyeingia ndani ya mlima akatoka na jiwe linalowaka kama taa? Ulikuwa unasikiliza kuliko wao. Ukaacha jembe, ukanunua sururu. Lakini kwenye hadithi anayeingia ni binti. Wewe ulichomeka kijiti hatua ishirini kutoka shimoni, ukaniambia, "Mwisho wako hapo. Mwanamke akisogea, jiwe linakimbia." Kwenye shamba la ulezi nililolima mimi! Nikawa nakuachia ugali penye kijiti kama namwekea mbwa. Na jiwe lenyewe halikuwaka. Lilikuwa punje chafu ndani ya ulanga, yale magamba ya mwamba yanayometameta. Dalali wa mjini aliligeuza juani mara moja akakurudishia, akisema lina nyufa.

Kisha ukuta wa shimo ukabomoka, ukakufukia. Wenzako uliochimba nao walikimbia hadi barabarani. Mimi nilipita kijiti na jembe langu, nikafukua mpaka nikaipata shingo yako. Ulitema udongo, na neno lako la kwanza likawa, "Mama Anjela, umeniharibia shimo!"

Mguu wako uliopindia humo shimoni niliukanda mpaka siku uliyokufa. Asante hukusema. Nami sikuiomba.

Sasa juzi mdogo wako kachomeka kijiti kipya pale pale. "Shemeji, ishia hapo, usitutie nuksi."

Nikamwuliza, "Wanao wakifukiwa, nisimame hapa hapa?"

Akageuka, akashika njia ya kwake.

Basi mimi na Anjela tumelijaza shimo mabua na udongo, wiki nzima. Juu nimepanda maboga. Kijiti nimekipikia ugali jana; kiliwaka vizuri kuliko jiwe lako.

Wajukuu bado wanataka hadithi. Siku hizi binti anaingia mlimani, anatoka amebeba mwanaume aliyevunjika mguu, anamtukana njia nzima. Wanauliza, "Bibi, na jiwe je?" Nawaambia binti hakufuata jiwe.

Lala. Kaburi nitakuja kulipalilia nikimaliza ulezi.

Mkeo,
Mama Anjela