Bi Harusi wa Funzi na Kisima cha Waa

Mpendwa wifi yangu,

Tangu ututoke sina wa kumtania, wala wa kuuliza naye lile swali letu: kisima cha Waa kilichimbwa na nani?

Ulipoletwa kutoka Funzi kuolewa na kaka yangu, miaka ile ya hamsini, hakuna aliyekumbuka kukueleza mwiko wa kisima hicho. Maji yalichotwa kwa kata ya kifuu cha nazi iliyofungwa kamba, juu juu, taratibu. Wewe, asubuhi yako ya kwanza, ukashusha ndoo mpya ya bati mpaka chini, tena ni kiangazi. Wahenga walisema mgeni njoo mwenyeji apone. Wewe ulikuja, mwenyeji akanywa chai ya chumvi.

Wakasema umemuudhi jini wa kisima. Mama yangu akataka urudishwe kwenu. Nililia, maana nilikuwa nimeshakupenda.

Ulimwendea ukamwamkia, kisha ukasema, "Mama, kisiwani kwetu maji matamu hulala juu ya maji ya chumvi. Nimeyavuruga. Yaacheni yatulie. Yakikataa, nitafunga mzigo mwenyewe."

"Na yakitulia?"

"Mtanambia nani aliyewakataza ndoo."

Hakuna aliyejua. Mmoja alisema Waarabu, mwingine akasema jini mwenyewe. Mama alisema, "Sisi tulikuta." Tukawa tunateka maji kijiji cha pili, mbali, huku wanawake wakikununia njia nzima.

Asubuhi moja ukanipeleka kisimani, ukachota, ukanipa kata. "Onja wewe, wifi. Mimi wataniita mwongo."

Yalikuwa matamu. Nilikunywa mpaka tumbo likauma. Mama hakukuomba radhi. Alikutengenezea kata yako mwenyewe.

Tuliendelea kuuliza mpaka tukazeeka. Nani alijua habari ya maji kulala juu ya maji kabla yetu? Mwanamume au mwanamke? Alitoka wapi? Hata jina lake halikubaki, na jambo hilo hunikera hadi leo.

Juzi nilikuta watoto wa madrasa wamekaa ukingoni mwa kisima. Mmoja akaniuliza, "Bibi, ni kweli kilichimbwa na bi harusi kutoka Funzi?"

Nilifungua kinywa nimsahihishe. Nikakumbuka jinsi walivyotaka kukurudisha kwenu.

Nikamwambia, "Ni kweli. Alikuwa wifi yangu."

Mola akulaze pema, nami nikija tuendelee kuuliza.

Wifi yako wa Waa