Swali la Thelathini na Moja

Kaka yangu mpendwa,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute mzima, wewe na wifi yangu na wanao wawili, na lile goti lako liwe limepoa, au angalau uwe umeacha kulisingizia kila unapotakiwa kupanda kuziba paa. Mimi sijambo. Wifi akiuliza tena nitaolewa lini, mwambie bado natafuta sampuli ya kutosha.

Najua utashangaa kupata barua ya karatasi kutoka kwa mtu unayeongea naye kwa simu kila Jumapili. Jambo hili nimejaribu kulisema Jumapili tatu mfululizo, na zote tatu nikaishia kukuuliza habari za kuku. Kwenye karatasi hutanikatiza, na mimi sitakusikia unavyopumua. Ninachokuomba ni uisome mpaka mwisho kabla ya Jumatatu ijayo, kwa sababu Jumatatu hiyo wadodosaji wetu wanaingia mtaani kwenu. Mtaa wenu umetoka kwenye kura. Sikuuchagua mimi, umechaguliwa na kompyuta. Nilipouona nilipiga kura upya, jambo ambalo haliruhusiwi kabisa, na ukatoka uleule.

Watakuja na dodoso la maswali arobaini. Watakuuliza habari za maji, taka, na wahudumu wa afya wanaopita majumbani. Wakifika swali la thelathini na moja utasimama. Nataka ulijue lilikotoka kabla hujalijibu.

Lilitoka kwangu. Profesa wetu, yule mzee anayefuta miwani kwa tai, alinieleza mwanzoni mwa utafiti kwamba adui yetu mkubwa si uongo, ni adabu. Mtu ukimtembelea na karatasi mkononi atakujibu ndiyo, ndiyo, ili usirudi mikono mitupu. Kwa hiyo kila dodoso linawekewa swali moja la mtego, yaani unauliza habari za kitu ambacho hakipo. Anayesema ndiyo hapo, ndiyo zake nyingine zote unazipunguzia uzito. Akaniachia kazi ya kulitunga, kwa sharti moja: kitu chenyewe kisiwepo kabisa. Kisiwe adimu wala cha kujificha, kisiwepo tu. Nilikaa asubuhi nzima nikitafuna kalamu, kisha nikaandika hivi: Je, katika miezi sita iliyopita, nyumba hii imetembelewa na mama mzee anayewapima watoto kwa uzi ili awashonee sare za shule?

Keti, Kaka. Najua umeshainuka.

Ndiyo, nilimwandika Mama. Niliandika vile alivyoshona sare za shule miaka yote bila kujua kusoma namba za utepe wa kupimia, akatumia uzi na mafundo, na hakuna mtoto aliyewahi kurudisha sketi. Niliandika pia alivyokuwa mwishoni, kumbukumbu zilipomtoka, alipokuwa anaingia nyumba za watu asiowajua na kuwapima watoto wao, nawe ukimfuata nyuma ukiomba radhi mlango kwa mlango. Sasa ni mwaka wa tisa tangu alipotoka ukiwa kazini asirudi. Kila mwaka unalipia tangazo redioni, na mpaka leo mlango wa mbele huufungi kwa komeo. Najua unachofikiria hivi sasa. Nivumilie kidogo, nitafika huko.

Tulilijaribu dodoso kwenye nyumba arobaini. Waliosema ndiyo kwa swali hilo walikuwa wawili, na Profesa akafurahi, akasema hiyo ndiyo adabu ya kawaida. Tukaenda eneo la kwanza, nyumba mia tatu. Wakasema ndiyo thelathini na wanane. Eneo la pili, nyumba mia tatu vilevile, wakawa tisini na mmoja. Profesa akaamini wadodosaji wanakaa mahali wanakunywa chai na kujijazia fomu. Akawaita na kuwafokea, mpaka mmoja wao, mwalimu mstaafu tunayemwita Bi Mkubwa, akalia kwa hasira. Alisema yeye hajawahi kughushi hata sahihi ya mahudhurio, na kwamba kwenye ua mmoja watoto walijipanga wenyewe wamwonyeshe uzi ulipowagusa mabegani.

Mama anayetupikia chai ofisini alisikia, akasema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Tukacheka sote, na Profesa akacheka kutushinda. Akachukua chaki akatufundisha palepale kana kwamba tuko darasani. Alisema wenzetu wanaopima mawe wana raha, maana jiwe ukiliuliza uzito wake mara mia litakujibu lilelile. Binadamu ukishamuuliza, si yule uliyemkuta. Umemwuliza habari za mama mwenye uzi, ataanza kumtazamia njiani, atamwambia jirani, na kumbukumbu itamvika huyo mama nguo na kumpa sauti. Kwa hiyo swali letu lenyewe ndilo lililomzaa. Maelezo hayo niliyapenda mno, Kaka, nikatembea nayo wiki nzima kama mtu aliyeazimwa mwavuli.

Kisha akanituma nikakague. Tunachagua nyumba kumi kati ya zilizojibu, anakwenda mtu mwingine kuuliza upya. Ilikuwa saa nne asubuhi, jua kali, watu wanaanika nguo. Nyumba ya kwanza, mwenyeji aliniambia mama yule huulowesha uzi kwa ulimi kabla ya kufunga fundo. Hilo kwenye dodoso halimo. Nyumba ya tatu waliniambia akishapima huongeza vidole viwili, akisema hivyo ni vya kukua. Vile vidole viwili unavikumbuka, maana sare zako zote zilikuwa zinakumeza mpaka mwezi wa sita. Nilijiambia kila fundi wa nguo za watoto hufanya hivyo, nikaandika, nikaendelea.

Nyumba ya saba ni ya dereva wa lori aliyestaafu. Anaishi peke yake, hana mtoto na hajawahi kuwa naye, na alikuwa amesema ndiyo. Nikajua nimempata mwongo wangu, nikafungua karatasi kwa furaha. Mzee akanipa kigoda, akanieleza bila haraka. Mama alikuja karibu na saa sita mchana, akasalimia vizuri. Yeye akamwambia hapa hakuna watoto. Mama akajibu kwamba hatachukua muda. Akasimama penye mwimo wa mlango, akapima hewa. Akapima urefu wa kwanza, mzee akanionyesha kwa mkono usawa wa kifua chake, akafunga fundo. Akapima wa pili, mfupi zaidi, na huyo akamgombeza kwamba asiinue visigino. Mzee alisema hakuogopa. Aliona haya tu, kama mtu aliyeingia chumbani akakuta wenyewe wanazungumza mambo ya familia yao.

Unajua ni nani kati yetu aliyekuwa anainua visigino ili akufikie.

Mzee akaendelea kusema kwamba mama, kabla ya kuondoka, alimwuliza swali moja tu. Alitaka kujua kama anamfahamu msichana mmoja mfupi, mwenye wino vidoleni, anayeandika kwa mkono wa kushoto. Mzee akajibu hapana, hamfahamu. Mama akashukuru, akasema ndivyo wanavyomjibu wote, akaenda nyumba inayofuata. Alipofika hapo katika maelezo yake, mzee aliutazama mkono wangu, nami nikahamishia kalamu mkono wa kulia. Uzi aliusahau kizingitini. Mzee alikuwa ameutundika msumarini akingoja aje kuufuata. Akautungua, akanipa mimi.

Nilirudi kwa Profesa nikamsihi tulifute swali. Alikataa katakata. Alisema swali lililoanza kama mtego sasa ndilo utafiti wenyewe, na ataliandikia makala. Habari za uzi sikumwambia.

Sasa nimefika pale ambapo nimekuwa napakwepa kwa miaka tisa.

Wiki ile aliyopotea Mama, unakumbuka ulinipigia, nami nikakwambia sina habari zozote. Siku hiyo ulikuwa ukweli. Siku ya tatu nilipigiwa simu na muuguzi wa hospitali moja ya huku, mji huu ninaokaa, ambao hukuwahi kufikiria kumtafuta. Alisema wana mama mzee asiyejua jina lake, na ndani ya pindo la gauni lake wamekuta karatasi imeshonewa yenye namba yangu. Alisema anawasumbua wagonjwa vitandani, anawapima kwa uzi aliouchomoa kwenye shuka. Kisha akauliza, kwa sauti ya mtu anayejaza fomu: je, unamfahamu mama huyu?

Nikasema hapana.

Nilikuwa naitetea tasnifu yangu keshokutwa yake. Nilijua nikisema ndiyo nitakwenda, nikienda sitarudi kwa wakati, na mwaka mzima umepotea. Nilijiambia nitapiga mimi baada ya siku mbili niseme nilikosea. Nilikuwa na haya pia, Kaka, acha niseme yote. Niliona haya afike chuoni amenishika mkono na kuanza kuwapima wenzangu. Tasnifu niliitetea vizuri, wakanipigia makofi. Nilipiga simu siku ya nne baada ya ile ya muuguzi. Wakaniambia yule mama aliyekosa watu wake alifariki jana yake, na manispaa imeshamzika. Namba ya kaburi walinipa. Ninayo.

Wewe ulikuwa unabandika picha yake kwenye nguzo, na mimi nikakuacha uendelee. Kila mwaka nilikuchangia pesa za tangazo.

Ndiyo maana asubuhi ile, Profesa aliponitaka nitafute kitu kisichokuwepo kabisa, sikuhitaji kubuni. Kulikuwa na kitu kimoja tu duniani ambacho mimi peke yangu nilikuwa na hakika kwamba hakipo. Wewe ulikuwa bado unakitafuta.

Uzi wenyewe nimeutia kwenye bahasha hii. Una mafundo mawili, la kwako na la kwangu, kama ni yetu. Wewe unaishi na ule mlango, na zile alama za kalamu ya risasi za urefu wetu wa utotoni kwenye mwimo wake sijasikia kwamba umezipaka rangi. Ningeweza kuja mwenyewe, ni safari ya siku moja tu, lakini mtafiti mzima nimeogopa kupima. Mafundo yasipolingana na alama, Profesa yuko sahihi, nawe una msiba mmoja na mdogo wako mbaya mmoja. Yakilingana, sina neno la kuandika kwenye ripoti.

Nilipoanza barua hii nilikusudia kukuomba useme hapana Jumatatu, ili jambo hili lisikufikie. Nimebadili nia. Hapana nimeshaisema mimi, na umeona ilikonifikisha. Wajibu wadodosaji upendavyo. Ombi langu ni jingine. Kwa kadiri nilivyoweka alama kwenye ramani, Mama anafuata nyumba kwa nyumba, na ameelekea huko kwenu. Kama atafika kizingitini kwako kabla yao, na akakuuliza kama unamfahamu msichana mfupi mwenye wino vidoleni, tafadhali, hata ikiwa baada ya barua hii hutaki kunijua tena, usimjibu kama wengine. Mwambie ndiyo. Mwambie ni dada yako, na umwelekeze ninapokaa. Mlango wangu nimeacha kuufunga kwa komeo.

Msalimie wifi yangu na uwabusu watoto kwa niaba ya shangazi yao. Goti lipake dawa. Jumapili sitapiga, nitangoja upige wewe, na usipopiga nitakuwa nimeelewa.

Ni mimi mdogo wako, uliyempachika jina mwenyewe,

Kalamu