Mawingu Dirishani

Mji wa Crystal, ughaibuni, Jumanne, Oktoba 2014

Ndugu yangu Kiprono hashiki simu. Nimempigia mara nne tangu nitoke kazini.

Leo nilimwonyesha Mzee picha ya nyumba yangu ya Eldoret, ile ninayomtumia Kiprono pesa za kujenga, naye anasema imeisha. Nilitaka kuringa kidogo tu. Afadhali ningenyamaza.

Mzee huyu ninayemtunza alikuwa mtengenezaji wa mandhari za filamu Ujerumani baada ya vita, akibuni mitaa mizima ya mbao: mbele nyumba, nyuma hakuna kitu.

Akavaa miwani, akatabasamu. “Kazi safi. Ni ya filamu gani?”

“Ni nyumba ya kweli, Mzee. Yangu.”

Akaisogeza picha karibu na macho. Kisha akaweka kidole kwenye dirisha la sebule. Ndani yake, badala ya ukuta na dari, mlionekana mawingu.

“Pole, binti yangu. Hata sisi tulikuwa tunatundika pazia.”