Waliomlilia Mama Yangu Wamehesabiwa Kura

Maman Eulalie mpendwa, naomba msaada wako, na naomba jina langu ulifiche kabisa, maana hapa Bagira ukitaja hata herufi ya kwanza watu watajua ni nani, na hasira niliyo nayo wiki hii imenifanya nisione ladha ya chakula, juzi nimesahau mboga ya sombe motoni mpaka ikaungua, bwana wangu akaniuliza kama nimerogwa, nikamjibu ndiyo, nimerogwa na chama.

Mimi ni katibu wa chama chetu hapa komini ya Bagira, huu ni mwaka wa sita, na sikuchaguliwa kwa sababu ya maneno mengi bali kwa sababu nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi na mwandiko wangu unasomeka, na muhuri wa chama unakaa kwenye mkoba wangu, nimeufunga ndani ya kitambaa. Mwenyekiti wetu ni papa Philémon, ambaye pia ni parrain wetu, yaani msimamizi wetu wa ndoa, yeye na mke wake ndio waliosimama nasi kanisani, kwa hiyo kwetu anaingia bila kupiga hodi. Miaka yote hakuwa na mpinzani, mpaka mwaka huu Martine, kiongozi wa wanawake wa chama, aliposema na yeye anagombea, kwa sababu uchaguzi wa nchi unakaribia na anayekalia kiti kile ndiye anayeamua nani ataandikwa mgombea na nani ataachwa.

Tulipiga kura Jumapili moja baada ya misa, kwenye uwanja wa shule, kwa desturi yetu ya kupanga mistari, kila mtu anasimama nyuma ya yule anayemtaka na katibu anahesabu. Mimi sikusimama kwenye mstari wowote kwa sababu nilikuwa nahesabu. Nyuma ya Martine walikuwa sitini na watatu, nyuma ya papa Philémon ishirini na wanane, hata mpita njia angeona mstari upi ni mrefu, lakini kabla sijafungua mdomo kusoma matokeo papa Philémon alinyanyua mkono.

"Batu habakutosha! Bengine bako ku misa ya pili. Hii kura haiko kitu, tutairudilia."

Watu walipiga kelele, wakamtukana, wakaenda zao, na mimi nikakunja karatasi yangu nikaitia kwenye mkoba pamoja na muhuri.

Siku kumi baadaye mama yangu alifariki. Martine alikuwa wa kwanza kufika, alifunga kitenge kiunoni akamuosha mama yangu na kumvisha, maana mimi mikono yangu ilikataa, na siku tatu nzima hakutoka jikoni, alisonga bugali ya watu mpaka mabega yakamvimba. Papa Philémon naye alikuja, sitasema uongo, alileta viti na turubai la chama na alilia kuliko kaka zangu. Na kama ilivyo kwetu, daftari la kilio lilikaa mlangoni, kila anayeingia anaandika jina kwa namba ya kufika kwake na anatia sahihi, ili kesho yeye akifiwa tujue wa kumrudishia. Jina la kwanza ni la Martine, niliandika mimi kwa sababu mikono yake ilikuwa na maji, yeye akaifuta kwenye kitenge na kutia sahihi tu. Mpaka siku ya mazishi majina yalikuwa mia moja na kumi na mawili, yamejaza kurasa nne.

Tuliporudi kutoka makaburini papa Philémon aliniita pembeni, akanishika bega kama baba.

"Mutoto yangu, unipatie ile makaratasi ya majina. Nataka kutuma rapport ku province, baone vile chama yote ilikuya kulilia maman yako. Andika tu 'liste ya présence' hapa juu, na cachet hapa chini. Ile ingine tutajaza."

Maman Eulalie, nilikuwa nimechoka na kulia, na huyu ni msimamizi wa ndoa yangu, nikazichana zile kurasa nne, nikaandika alichoniambia, kwamba ni orodha ya waliohudhuria, nikapiga muhuri, nikarudi kukaa na shangazi zangu.

Wiki hii nimezikuta kurasa hizo zimebandikwa mlangoni mwa ofisi ya chama! Juu yake wameweka ukurasa uliochapwa kwa kompyuta, unasema kwamba Jumamosi tarehe kumi na nne, saa nne asubuhi, wanachama mia moja na kumi na wawili walikutana na kumchagua tena papa Philémon kwa sauti moja. Jumamosi tarehe kumi na nne, saa nne asubuhi, tulikuwa tunateremsha jeneza la mama yangu. Mama mdogo Adèle, aliyevuka ziwa kutoka Idjwi, asiyejua kusoma, aliyetia kidole gumba akiwa analia, leo ni mpiga kura wa Bagira! Wanakwaya waliotoka kijiji cha Miti ni wapiga kura! Hata fundi aliyetengeneza jeneza amemchagua papa Philémon!

Martine alipoenda ofisini kulalamika, papa Philémon alimwonyesha sahihi yake mbele ya watu. "Angalia, maman Martine, signature yako njo ya kwanza. Sasa unalalamikia nini?" Watu wakacheka. Sasa inasemwa kwamba Martine anataka kukipasua chama, na Jumapili ijayo wajumbe wa mkoa wanakuja, wakiikubali ile orodha Martine anafukuzwa siku hiyohiyo, na wa kusimama kuwaambia kama orodha ni ya kweli au ni ya uongo ni mimi, katibu.

Martine alikuja kwangu. Nilimpa kiti, hakukaa.

"Maman yako, njo miye nilimuosha. Na hii mikono. Leo njo unasema hii mikono ilimupigia Philémon kura?"

Akageuka akatoka. Na bwana wangu Christophe, ambaye papa Philémon amemwahidi kumwandika mgombea mbadala, badala ya kunisaidia ananifokea: "We unyamaze. Maji ilishamwangika. Unataka tukosane na parrain yetu juu ya Martine?"

Nimemkasirikia papa Philémon aliyekuja kwenye kilio changu kuchuma kura, nimemkasirikia Christophe, nimemkasirikia hata Martine kwa namna alivyoniangalia kana kwamba mimi ndiye mwizi. Nikisema ukweli nitaitwa msaliti wa chama na nyumba yangu itawaka moto, nikinyamaza mwanamke aliyemuosha mama yangu atafukuzwa kwa sahihi aliyoitia kwenye kilio cha mama yangu. Nifanye nini?

Katibu, Bagira

*

Katibu wangu,

Pole kwa mama. Naanza na hilo kwa sababu naona katika barua yako hakuna aliyekuacha umlilie kwa utulivu. Niliposoma habari ya saa nne asubuhi nilivua miwani nikasimama, nikazunguka meza yangu mara mbili. Wizi wa kura nimeusikia wa kila aina, lakini mtu kuingia msibani na turubai, kulia kuliko wafiwa, kisha kutoka na waombolezaji kwenye bahasha, huo ni mpya kwangu. Kikulacho ki nguoni mwako, na huyu wako alisimama nawe mpaka altareni. Hasira yako ni ya haki, na asikuambie mtu upunguze.

Ila hujaigawa vizuri. Umeandika mistari mingi juu ya Philémon, na juu ya muhuri mstari mmoja tu, tena umeubana katikati ya machozi. Nani aliupiga? Philémon hakukuibia muhuri. Ulikuwa ndani ya kitambaa, ndani ya mkoba, ulifungua mafundo wewe. Katibu wa miaka sita, mwalimu, unapiga muhuri chini ya karatasi ambayo mtu amekuambia waziwazi kwamba nyingine atajaza yeye! Hata kama ni baba yako, unamuuliza: atajaza nini? Ulikuwa na majonzi, nakubali, na majonzi yanapunguza kosa lako. Hayaliondoi.

Na liko jambo la pili, ambalo limeniudhi zaidi. Unasema hukusimama kwenye mstari wowote kwa sababu ulikuwa unahesabu. Mama, ukimaliza kuhesabu wengine unajihesabu na wewe, kila katibu anajua hivyo. Ulishukuru kwamba una kalamu mkononi, ili Philémon asione umesimama nyuma ya nani. Halafu ulipopata namba zako, sitini na watatu kwa ishirini na wanane, ulizikunja ukazitia mkobani. Mtu mmoja akanyanyua mkono, na wewe mwenye karatasi ukanyamaza. Philémon alijifunza kitu siku hiyo. Alijifunza kwamba katibu wake hasemi, na wiki mbili hazijaisha alilitumia somo hilo, mlipotoka tu kumzika mama yako.

Kwa hiyo usimkasirikie Martine kwa namna alivyokuangalia. Alikuangalia sawasawa.

Sasa sikiliza, maana Jumapili ni karibu. Daftari lenyewe unalo, au sivyo? Ulichana kurasa nne, hukutoa daftari zima. Vipande vya pembeni vimebaki kwenye uzi, na waliokuja kukupa pole baada ya mazishi lazima wanaanzia namba mia moja na kumi na tatu. Mwambie mtu yeyote mwenye macho aeleze imekuwaje mkutano wa chama umeishia namba mia na kumi na mbili, na kilio cha mama yako kikaanzia mia na kumi na tatu, daftari lilelile, karatasi ileile. Njia ya mwongo ni fupi, na huyu imeishia kwenye uzi wa daftari. Lipige picha leo, ukurasa kwa ukurasa, wapelekee picha hizo watu wawili unaowaamini. Daftari usimwazime mtu, hata akija na machozi, na hasa akija na machozi.

Mpigie simu mama mdogo Adèle avuke tena ziwa. Akae mstari wa mbele, na wajumbe wamwombe kadi yake ya chama. Yule fundi wa jeneza naye aje, kama ana ujasiri. Usiende peke yako, wala usiingie ofisini kwa mlango wa nyuma kwenda kuongea na Philémon kwanza "kwa heshima". Ukimpa nusu saa atakuzungumzisha mpaka utatoka umeshika barua ya kumuunga mkono. Msimamizi wa ndoa anasimamia ndoa, kalamu yako hakupewa aisimamie.

Andika ukurasa mmoja kwa mkono wako, kwa mwandiko huo unaosifiwa. Orodha hii ni ya kilio cha mama yangu. Muhuri niliupiga mimi bila kusoma, na hilo ni kosa langu. Kura ya kweli ilikuwa hivi na hivi, karatasi yake hii hapa. Usome mbele ya wajumbe umesimama. Ukimaliza, utoe muhuri mkobani uuweke juu ya meza na uache ukatibu, kwa sababu muhuri uliokwisha kupigwa hewani haufai kurudi kwenye mkoba uleule. Watakuita msaliti. Acha wakuite. Waliokuwa wanacheka ofisini watanyamaza kidogo, na wale sitini na watatu wanajua walikosimama.

Christophe mwambie Jumamosi, kabla hajanawa mikono kula. Umwambie, usimwombe ruhusa. Anasema maji yameshamwagika, na ni kweli, lakini aliyeyamwaga bado ameshika ndoo na anacheka. Muulize jina lake yeye Christophe ni namba ngapi kwenye orodha hiyo. Bila shaka na yeye alikuja kumlilia mama mkwe wake, kwa hiyo na yeye amehesabiwa. Mtu aliyeuza kilio cha nyumba yenu atashindwaje kuuza nafasi ya mgombea mbadala, tena nafasi ambayo kazi yake ni kungoja mwingine aondoke? Atanuna wiki, labda mwezi. Mpikie, umwache anune.

Hayo yote ni ya Jumamosi na Jumapili. La leo ni moja. Nenda kwa Martine. Usipige simu, usitume mtu, usibebe zawadi. Usimweleze ulivyochoka siku ile wala ulivyolia, alikuwepo, aliona. Mwambie nilikosa, mwambie utakachosoma Jumapili, halafu nyamaza. Asipokufungulia, urudi kesho. Akikufungulia ukamkuta anapika, shika mwiko. Tunaandika daftari la kilio ili tujue nyumba za kurudia, na kwenye daftari lako jina la kwanza ni lake, uliliandika wewe, mikono yake ikiwa na maji ya kumuosha mama yako.

Maman Eulalie