Gauni la Njano la Mama Risper

Jumatatu, 3 Machi. Homa Bay
Pasi tangu asubuhi. Magauni ishirini na mawili. Stima imepotea mara mbili, nikamalizia na pasi ya makaa ya mwenye nyumba ya wageni. Filamu inahusu wauza samaki wa ziwani miaka ya sabini. Nguo zake nimezitafuta miezi minne, Suna hadi Sori, sanduku kwa sanduku. Nyingine nimeshona mwenyewe nikifuata picha za zamani. Lile la njano lenye kola ya lesi ni la Mama Risper, mjane wa Sori. Aliolewa nalo. Alinipa kwa mikono miwili, akasema, "Nyathina, mwanangu, lirudi vile limetoka." Nikaapa. Atalivaa mwigizaji mkuu.

Jumatano, 5 Machi
Dairekta amefika kutoka Nairobi. Akapita mbele ya nguo kama anayekagua mifugo. Eti ni safi mno. Eti watu wa samaki hawavai hivi. Anataka matambara, anataka matope, ndipo watazamaji wa ng'ambo waamini. Nikamwonyesha picha: wanawake sokoni, gauni limenyooka, kitambaa kichwani, saa mkononi. Hakuzitazama. Mama yangu aliuza samaki. Alifua gauni lake kila jioni ili asubuhi asinuke mbele ya wateja. Huyu bwana ataniambia nini kuhusu mama yangu?

Alhamisi, 6 Machi
Wamelichana.
Nilikuwa nimeenda Migori kununua uzi na vifungo. Kurudi, gauni la njano limelowekwa kwenye beseni la chai ya rangi. Mkono mmoja umechanwa, pindo limekwanguliwa kwa msasa. Msaidizi wa dairekta anasema aliagizwa. Nikamwendea dairekta, nikamwambia hilo ni gauni la harusi la mjane. Akasema, "Tutamnunulia lingine." Lingine. Kama sufuria. Nikamwambia mbele ya watu wote kwamba hana adabu. Mtayarishaji anataka niombe radhi. Siombi. Nimelitoa kwenye beseni, liko chumbani kwangu.

Ijumaa, 7 Machi. Takawiri
Wanawake wa kisiwa wamealikwa kuigiza soko. Wakapewa matambara. Wakayashika kwa ncha za vidole. Mama Awino, mkubwa wao, mtu wa kuongea polepole, akamwendea dairekta.
"Hii nguo mimi napanguza nayo boti. Wajukuu wangu wataona hii filamu. Wanione nimevaa hii?"
Dairekta akaeleza habari za sanaa. Mama Awino akasikiliza mpaka mwisho, akakunja tambara lake vizuri, akaliweka juu ya mchanga, akaenda zake. Wote wakamfuata.
Nilikuwa nimevuka na magunia mawili ya nguo zangu bila kumwambia mtu. Nikayafungua. Wakarudi wakavaa. Mwigizaji mkuu akachagua gauni la buluu nililoshona mwenyewe. Jua lilikuwa linasonga, dairekta hakuwa na la kufanya. Akarekodi. Soko likawa soko.
Jioni namsikia akimwambia mtayarishaji kwamba huo ndio uhalisia aliokuwa akiutafuta tangu mwanzo. Nilitamani kumtupia kiatu.

Jumatatu, 10 Machi
Wameniambia kazi yangu imeisha. Mwingine atamalizia. Jina langu litabaki mwishoni mwa filamu, wamesema, kana kwamba ni sadaka. Kosa langu ni mdomo, si nguo. Nguo wamebaki nazo, zile za kwangu. Za watu nimezikusanya zote, nikazihesabu mara mbili.

Jumatano, 12 Machi. Sori
Nimelifua mara tatu. Unjano haukurudi. Mkono nimeushona kwa sindano, si kwa cherehani, lakini mwenye macho ataona. Nilimweleza Mama Risper yote, sikumsingizia mtu wala sikujitoa lawamani. Aliliweka mapajani, akapitisha kidole juu ya mshono. Akauliza nani alilivaa. Nikasema hakuna. Hakuniambia, "Si neno." Sikutarajia aniambie.
Alilianika kwenye kamba nje, akaleta njugu, tukamenya.
Baadaye akauliza kama natembea na futi ya kupimia. Huwa natembea nayo. Akasimama mlangoni penye mwanga, akanyanyua mikono kidogo, akangoja nimpime gauni.