Mikono ya Viola

Jumatatu, 12 Mei 2025

Leo hesabu ya probability, uwezekano wa kitu kutokea. Mwalimu Muriithi anasema ukishaona kitu kimoja, futa yote yasiyolingana nacho, uhesabu yaliyobaki. Nilielewa mara moja. Sikuinua mkono. Dianah, tunayekaa naye dawati moja, akainua, akakosea vibaya, darasa zima likacheka naye. Mimi hata kukosea na watu siwezi.

Nimemchukua mdogo wangu Viola kwa jirani, Mama Mwas. Mama bado yuko Githurai anauza samaki. Nikimwogesha mtoto nimeona mikono yake. Imevimba yote miwili, kama mkate ulioloweshwa kwa chai. Nikiigusa analia.

Jumanne, 13 Mei

Mama anasema ni baridi ya Ruiru. Amempaka Vaseline, akamvisha soksi mikononi.

Ya ndugu yangu Marvin ilivimba hivyo hivyo akiwa mdogo. Nakumbuka. Sickle cell, ule ugonjwa wa damu wa kurithi. Tulimzika Siaya Agosti mwaka jana, akiwa na miaka tisa. Viola akazaliwa Septemba.

Daktari aliwaambia Mama na Baba: kwa watoto wenu, mmoja kwa wanne. Mama aliishika hivyo. Kila nesi akitaka Viola apimwe, jibu ni lile lile: “Ile moja ilikuwa ya Marvin. Ameenda nayo.”

Lakini si hivyo! Kila mtoto anaanza upya. Marvin hakumpunguzia Viola chochote.



Alhamisi, 15 Mei

Nimeifanya hesabu kitandani.

Watoto mia moja, wazazi kama wangu. Ishirini na tano wagonjwa, sabini na tano hawana kitu. Wangapi mikono inavimba? Sijui. Nimekisia — kumi kwa wale wagonjwa, wawili kwa wale wazima. Sasa futa wote ambao mikono yao iko sawa, maana ya Viola nimeshaiona. Wanabaki kumi na wawili. Kumi ni wagonjwa.

Kumi kwa kumi na mbili!

Nikajionea huruma, nikapunguza: wagonjwa waliovimba wawe watano tu. Bado watano kwa saba.

Robo nilikuwa nimeizoea. Unaweza kulala na robo.

Nimwambie nani? Baba yuko kiwandani Thika mpaka mwisho wa mwezi, na kwa simu anauliza tu kama nimekula. Marvin ndiye alikuwa anasikiza hesabu zangu. Alikuwa haelewi hata kidogo, lakini anasema, “Enda, enda, nakusikia.”

Jumapili, 18 Mei

Nimesema. Nimesema!

Tumetoka kanisani, Mama anachagua maharagwe. Sauti yangu ilikuwa ndogo mpaka akaniambia nitoe maneno mdomoni. Nikachukua punje kumi na mbili, nikaziweka kwa meza. Kumi huku, mbili huku. Nikamweleza: Mama, hawa wote mikono imevimba. Hawa kumi wanaumwa.

Akaziangalia sana.

“Kwa hivyo unataka mtoto wangu awe mgonjwa?”

Nikasema hapana. Nikasema Marvin hakubeba ya mtu mwingine, alibeba yake tu. Hapo ndipo niliharibu. Amezoa punje zote, akazirudisha kwa sufuria.

Jumanne, 20 Mei

Haniongeleshi. Anamwambia Viola, “Ambia dadako chakula iko.”



Jumatano, 21 Mei

Nimeenda kumchukua Viola, hayuko. Mama Mwas ameshangaa: kwani sijui? Mama amempeleka hospitali Thika asubuhi, hata sokoni hakufika. Alikuwa anatembea kama anafukuzwa.

Nikaomba simu yake nimpigie Mama.

Nyuma ya Mama kulikuwa na watoto wengi wanalia. Ameniambia damu imetolewa, wameambiwa wangoje majibu. Viola je? Amelala.

“Akoth, nyathina.”

Hajaniita mtoto wake tangu mazishi.

“Wale wawili,” akasema. “Wenye mikono imevimba na hawana kitu. Wako kweli?”

Hao wawili niliwatunga mimi. Ningeweza kuandika mmoja. Ningeweza kuandika sifuri.

Mama Mwas alikuwa ananiangalia usoni.

“Wako, Mama.”

“Wawili.”

“Wawili.”

“Usikate,” akasema. Nikaishikilia simu sikioni, nikisikiliza watoto wakilia nyuma yake.